Mkono Usiosikia Baridi

Mafundi rangi tuna dawa yetu moja tu, maziwa. Mtu akizidiwa na harufu ya rangi ya mafuta, macho yakamwiva na miguu ikamlegea, tunamtoa nje, tunamkalisha upepo unapopita, tunampa maziwa baridi, tunamcheka mpaka aone aibu kuendelea kukaa, naye anarudi kazini. Nimefanya kazi hii katika miji ambayo mingine nimeshaisahau, na kote nimeikuta dawa hiyohiyo na kicheko hichohicho. Mimi sikuwahi kuyanywa, na jambo hilo nililitangaza kila nilipofika. Nikiona kijana anakabidhiwa pakiti yake ya maziwa, nilikuwa namwuliza kama anataka na nepi.

Kwa hiyo siku iliponiangukia zamu yangu, watu walikuwa wameshaingoja kwa hamu.

Tulikuwa tunapaka ukumbi wa shule moja, wanafunzi wako likizo. Shemeji yangu na wenzake walikuwa kwenye nondo za madirisha na rangi ya mafuta. Mimi nilikuwa juu ya ngazi, ukutani, na rangi ya maji. Tulikuwa tumetoka kunywa chai, nami nikipata chai huwa naimba.

"Punda wa chokaa!" Shemeji akapaza sauti kutoka dirishani. "Punguza huo mlio, rangi inabanduka!"

"Kichwa cha brashi, wewe paka nondo. Muziki waachie wenye masikio."

Ndivyo tulivyokuwa. Nimemwoa dada yake, na tangu siku ile ya posa alikuwa hajawahi kuniita kwa heshima. Mara moja tu, kwenye msiba wa baba yao, aliniita kaka kutwa nzima, na jioni tuliporudi kutoka makaburini akaniomba radhi kwa kuuvunja utani wetu. Utani wetu ulikuwa kama chumvi. Huionji mpaka siku imekosekana.

Nikafika katikati ya ubeti, ukuta ukaondoka.

Sina namna nyingine ya kulisema. Ulivutwa kuelekea kushoto kama mkeka chini ya miguu ya mtu, ukazunguka, ukarudi, ukaondoka tena. Niliona brashi mbili na sikujua mkono wangu umeshika ipi. Nilishuka ngazi ile, lakini nilivyoshuka sijui mpaka leo. Nilizikamata nondo za dirisha zenye rangi mbichi kwa mikono miwili nisianguke, kisha nikatapika chai yote juu ya nailoni tuliyotandika sakafuni.

Halafu Shemeji akaachia kicheko kilichojaa ukumbi.

"Jamani! Jamani njooni muone! Simba wa rangi amelewa!"

Wakaja mbio na brashi zao mikononi, hakuna aliyetaka kukosa. Msimamizi wetu, tuliyekuwa tunamwita Bosi, akaja anajifuta machozi ya kucheka. "Mtoeni nje," akasema. "Na mtu akalete maziwa. Na nepi."

Na mimi mwenyewe niliamini. Hilo nalisema wazi, maana watu wakisikia habari hii hudhani mgonjwa alikuwa anajua. Nilikuwa naona aibu tu. Nilijiambia, haya, mtupa jiwe gizani leo amejipiga mwenyewe, kunywa maziwa yako uyamalize.

Wakanikalisha barazani, mgongo kwenye nguzo. Nikateleza kwenda kushoto. Wakaniweka sawa. Nikateleza tena kushoto, taratibu, kama gunia lililofungwa vibaya.

"Anatafuta mto," mmoja akasema, wakacheka.

Shemeji akanipa maziwa. Nikaingiza funda moja, na koo likakataa. Koo langu mwenyewe, lililomeza kila kitu nchi kavu na penye maji, lilikuwa kama mlango ambao ufunguo umekatikia ndani. Nusu ya maziwa ikatokea puani. Nusu ikashuka kusikotakiwa, nikakohoa mpaka nikaona nyota. Nilipopata pumzi, sauti haikuwa yangu. Ilikuwa imekwaruza, imekuwa nyembamba, na kwikwi ikaanza, kwikwi isiyotaka maji wala kushtuliwa.

Hapo ndipo hofu iliponishika kwa mara ya kwanza. Nimeona watu wengi waliolewa rangi. Wanatapika, wanaumwa kichwa, wengine wanalia na kuwataja mama zao. Lakini sikuwahi kuona rangi inafunga koo la mtu.

Akatokea mama mmoja mtunza majengo, tuliyemwita Mama Funguo kwa sababu ya ule mzigo wa funguo kiunoni uliotangulia kufika kabla yake. Mumewe alikuwa amekufa kwa kiharusi, na baada ya msiba ule alikwenda zahanati akajifunza dalili zake zote, asije akashikwa usingizini mara ya pili. Alipoona nimelala upande akawasukuma wote pembeni, akachuchumaa mbele yangu.

"Baba, hebu cheka."

Nikacheka kama nilivyoweza.

"Mdomo uko sawa. Inua mikono yote miwili. Ishike hapohapo, usiishushe."

Nikainua. Haikushuka.

"Sema jina la kazi yako."

"Fundi rangi," nikasema, kwa ile sauti ya bati.

Akasimama, funguo zikalia. "Si kiharusi. Kiharusi nakijua, nimelala nacho kitanda kimoja. Mume wangu mdomo ulikwenda mpaka sikioni, na mkono ukawa kama kamba. Huyu ana nguvu zake zote. Ni rangi tu."

Niliona mabega ya watu yanashuka kwa nafuu. Mimi shule nimesoma kwa vipande, darasa hili mji huu, darasa lile mji ule, na mitihani mingi niliikimbia. Huu nilifaulu, na kufaulu kwenyewe ndiko kulikotaka kuniua.

"Mlazeni stoo," Bosi akasema. "Alale kidogo. Jioni atakuwa mzima, na tutamkumbusha."

Kichwa kilikuwa kinazunguka, lakini akili ilikaa palepale, imetulia kabisa, kama mtu aliyesimama dirishani anaangalia nyumba yake ikibebwa na maji. Nilisikia kila neno. Niliijua stoo ile. Haina dirisha, na mlango wake hufungwa kwa nje usipigwe na upepo. Nikajua nikiingizwa mle nitateleza kwenda kushoto mpaka mwisho, na watakuja kunifungulia jioni wakiwa na utani wao tayari mdomoni.

"Msinilaze," nikasema. Kwikwi ikakata neno katikati.

"Tulia, punda wa chokaa," Shemeji akasema. "Ngoja kwanza nikufute mikono, usichafue magunia ya stoo."

Viganja vyangu vilikuwa vimejaa rangi ya zile nondo. Akalowesha kitambaa kwa tina, ile dawa kali tunayoyeyushia rangi ya mafuta. Kila fundi anaijua baridi ya tina. Ikigusa ngozi inauma kama maji ya kisimani alfajiri. Akafuta mkono wa kushoto, nikashtuka kwa baridi. Akafuta wa kulia. Nilisikia kitambaa kinasugua, nilisikia vidole vyake vinakamua vyangu. Baridi haikuwepo.

"Mkono huu hausikii baridi," nikasema.

"Umekasirika. Umechoka kukushikia brashi."

"Shemeji. Hausikii."

Kuna kitu alikisikia katika sauti yangu. Akachukua kopo, akamimina tina moja kwa moja kwenye kiganja cha kulia, ikachuruzika mpaka kwenye kiwiko. Nilikuwa naiangalia inachuruzika. Ingeweza kuwa kwenye mkono wa mtu mwingine. Akapandisha suruali yangu, akapaka mguu wa kulia, hamna kitu. Wa kushoto, baridi. Akanipitishia kitambaa usoni, na hapo ikageuka. Shavu la kulia likauma kwa baridi, la kushoto likawa kama ubao.

Akanikazia macho. "Kope lako la kushoto limeshuka," akasema polepole. "Kama pazia lililotoka kwenye ndoano."

Nikangoja mzaha ufuate. Mzaha ulikuwa pale karibu, hata mimi niliuona, kope na pazia na uzee. Hakuuchukua. Akaweka kopo chini, akafuta mikono yake mwenyewe kwenye suruali.

"Kaka," akasema. "Kaka, tunaondoka hapa."

Sikuwahi kuogopa neno kama nilivyoliogopa hilo. Nilikumbuka lini aliniita hivyo mara ya mwisho, na nani alikuwa amelala kwenye jeneza.

Bosi alikuwa bado na mabaki ya kicheko. "Utampeleka mtu hospitali kwa harufu ya rangi? Watatucheka mpaka—"

"Watucheke! Alikuwa kwenye rangi ya maji, Bosi. Ya maji! Mtu analewa maji?"

Walikuwa wameijua habari hiyo tangu asubuhi, wote, na mimi pamoja nao. Harufu ya rangi ya nondo ilikuwa puani mwa kila mtu, na kicheko kilikuwa kitamu.

Mama Funguo ndiye aliyezinduka wa kwanza. Alishika mdomo, kisha akaanza kutoa amri. "Leteni gari. Mlazeni kwa ubavu, akitapika asipaliwe. Na mtu yeyote asimpe kitu mdomoni tena, hata maji. Baba, nisamehe. Mimi nilikijua kile cha mume wangu tu."

Wakaniweka nyuma ya gari la Bosi, kati ya ndoo na rola, kichwa changu mapajani mwa Shemeji. Kila kona tuliyokata, dunia ilikata kona zake nyingine tatu. Nilifumba macho, nikaogopa giza. Nikafumbua, nikaona mashemeji wawili, wote wawili wamefunga midomo.

Hospitali, muuguzi wa mapokezi aliinama akanusa nguo zangu. "Amekunywa nini huyu?"

"Hajanywa. Ni fundi rangi," Bosi akasema. "Kazini alipata kizunguzungu, lakini—"

"Kizunguzungu. Mkalisheni kwenye benchi, ataitwa."

Wakanikalisha. Nikaondoka kwenda kushoto. Shemeji akanidaka, akaniachia makusudi kidogo, nikaondoka tena, akanidaka. "Dada yangu," akamwambia muuguzi, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayeomba, "mtu mwenye kizunguzungu hata akifumba macho anakaa. Huyu hawezi kukaa. Mwangalie tu."

Muuguzi akaangalia. Akaacha kalamu yake, akaenda kumwita daktari kwa miguu ya haraka.

Daktari alikuwa binti mfupi mwenye viatu vya raba, na hakupoteza neno. Aliweka kidole mbele ya macho yangu, akakipeleka huku na huku. "Yanarukaruka," akamwambia muuguzi. Akaniambia niguse pua yangu kisha niguse kidole chake. Kwa mkono wa kulia nikaweza. Wa kushoto ukagusa hewa, ukarudi, ukagusa hewa tena. Mkono uliochora mistari ya kuta maisha yangu yote ulikuwa unatafuta kidole kama kipofu anayetafuta kitasa. Akaniambia nifungue mdomo, akamulika kooni. Kisha akatoa kichuma, akasema anataka kunipima baridi.

"Tumeshampima," Shemeji akasema. "Kwa tina."

"Kwa nini?"

Akamweleza yote, mkono wa kulia, mguu wa kulia, shavu la kushoto, na maziwa yaliyotokea puani. Daktari alimsikiliza mpaka mwisho, akapima mwenyewe kwa kichuma chake, mkono, mguu na shavu, kisha akanigeukia mimi. Nilishukuru kwamba alizungumza na mimi.

"Mzee, hiki ni kiharusi. Kimepiga nyuma, huku chini karibu na shingo. Huko ndiko kunakoshikilia usawa wa mwili, macho, sauti na kumeza. Kikipiga huko mdomo unaweza usipinde na mikono isishuke, na watu wanarudishwa nyumbani na vidonge vya kizunguzungu. Umesikia? Umefika pazuri. Sasa nataka kujua kitu kimoja. Mara ya mwisho kuwa mzima kabisa ilikuwa lini?"

Bosi akaanza kukuna kichwa. "Asubuhi alikuja vizuri, halafu..."

"Alikuwa anaimba," Shemeji akasema. "Tulitoka chai, akapanda ngazi akaanza kuimba. Wimbo ukakatika katikati, na mimi nikafurahi. Ilikuwa hapo."

Daktari akaangalia saa yake. "Basi muda bado upo. Si mwingi."

Wakanisukuma kwenye mashine ya picha. Nimelala ndani ya mapango, kwenye majumba ambayo hayajaezekwa, hata kaburini niliwahi kujikinga mvua, lakini sijawahi kuogopa mahali kama ndani ya lile tundu jeupe. Sauti ikaniambia nisitikisike. Kwikwi haikusikia amri. Wakarudia. Wakanidunga dawa inayoonyesha mishipa, ikaenea mwilini kama chai ya moto iliyomwagika, upande mmoja tu.

Daktari akarudi mbio. Hakuna damu iliyovuja, akasema, ila mshipa mmoja unaopanda kwa nyuma umezibwa na damu iliyoganda. Kuna dawa ya kuiyeyusha. Inaweza kufungua njia. Inaweza pia kutoboa mahali dhaifu, damu ikamwagika ndani ya kichwa, na ikimwagika huko ni hatari kubwa.

"Kila tunapokaa, ubongo unaendelea kufa kidogokidogo. Lakini ni kichwa chako, lazima unijibu wewe."

Nikamtafuta Shemeji kwa macho. Nilitaka aseme kitu kibaya. Nilitaka aseme kichwa chenyewe hakina kitu, mimina tu. Alishika ule mkono wangu wa kulia, mimi nikasikia uzito wa mkono wake bila joto.

"Utakalosema, kaka, mimi niko pamoja na wewe."

Nikamwambia daktari, "Weka."

Nilitazama tone la kwanza likishuka kwenye mpira wa dripu. Nikawa nasubiri kitu kipasuke.

Hakikupasuka. Lakini hofu haikutoka, ilibadilisha kiti tu. Daktari alituambia nyuma ya kichwa ni chumba kidogo chenye kuta ngumu, na ubongo uliojeruhiwa ukivimba huko hauna pa kwenda. Nikisinzia kupita kiasi au kichwa kikiuma ghafla, waitwe mara moja, pengine itabidi wafungue fuvu. Basi wakawa wananiamsha kila nikilala, wananiuliza jina langu na wananimulika macho. Mke wangu alikuja akakaa kitandani, akanishika mguu.

"Miguu yenye pilipili," akasema. "Miaka yote nakuomba utulie. Mimi sikuomba hivi."

Chakula kilipita kwenye mpira uliotiwa puani, mpaka koo lifundishwe upya kumeza. Uvimbe haukuja. Macho yakaacha kurukaruka. Kwikwi ikaondoka bila kuaga. Kila siku Shemeji alikuja baada ya kazi, akivua kofia mlangoni kama anaingia kwa padri.

"Umeamkaje, kaka?"

"Salama, kichwa cha brashi."

"Tunamshukuru Mungu, kaka."

Nilimwambia mke wangu, ndugu yako anajua kitu ambacho hamniambii. Akaniambia hakuna kitu. Sikuamini. Mtu hamheshimu shemeji yake hivyo bila sababu.

Kisha wakanisimamisha. Muuguzi upande huu, Shemeji upande ule, tukatoka kwenye korido. Ukuta wa korido ile umepakwa rangi mbili, kijani chini na nyeupe juu, na katikati mstari mweusi unaokwenda mpaka mwisho. Nikasema nitaushika mstari huo kwa macho nitembee nao, maana miguu ilikuwa bado inataka kushoto.

Nikaangalia mstari. Ulikuwa unazama. Mbele kule, karibu na mlango wa tatu, ulishuka, ukapanda kidogo, ukashuka tena.

Nikasimama. Daktari alikuwa ameniambia kiharusi cha aina hii wakati mwingine huacha dunia imeinama machoni mwa mtu. Fundi rangi ambaye macho yake yamepinda kazi yake imekwisha. Hana ngazi tena wala mji wa kuendea. Atakaa mlangoni akiulizwa mbona kimya. Nilihisi jasho linanitoka upande mmoja wa uso.

"Nini, kaka?" Shemeji akauliza.

"Huo mstari." Sauti yangu bado ilikuwa ya bati. "Niambie ukweli. Umenyooka?"

Akaniacha kwa muuguzi. Akaenda ukutani, akaweka shavu lake kwenye rangi, akafumba jicho moja, akaufuata mstari kwa jicho jingine kama tunavyofanya sisi. Alikaa hapo muda mrefu.

Akanyanyuka. Akaniangalia, kisha akaangalia tena ule mlango wa tatu, na uso wake ukaanza kukunjamana kwa namna niliyoisahau.

"Umepinda kama mguu wa mbwa," akasema. "Aliyeupaka huo alikuwa kipofu, au mlevi, au ni wewe ulipita hapa ujanani, punda wa chokaa."

Muuguzi akashtuka. "Jamani, mgonjwa huyo!"

Mimi nilikuwa nacheka mpaka nikateleza kwenda kushoto, nikajishika ukutani kwa mkono wa kulia nisianguke. Mke wangu husema ukuta wa korido ile ni wa baridi kama barafu, hata mchana wa jua kali. Mimi nilisikia ukuta tu.